Saa 43 za mwani: jibu kwa mpiga video anayehariri mwenyewe

Swali: Shikamoo mwalimu. Mimi ni mpiga video za harusi hapa Unguja, mwaka wa sita sasa. Tangu mwaka jana nimekuwa nikiwafuata akina mama wanaolima mwani pwani ya mashariki. Napiga mwenyewe, nahariri mwenyewe, sina msaidizi wala mfadhili. Nimekusanya saa 43 za picha. Miezi mitatu nimekaa mbele ya kompyuta, na kila ninachokikata kinatoka ama kama video ya harusi ama kama tangazo la mradi. Lipo na jambo la pili, nalo ndilo linalonikosesha usingizi. Mama mmoja, ambaye anazungumza vizuri kuliko wote, alisema maneno makali juu ya bei na juu ya mnunuzi wao. Sasa kanipigia simu, anataka nikitoe kile kipande. Karatasi ya ridhaa alishatia saini. Nikikitoa, filamu imekufa. Nifanyeje?

Jibu:

Marahaba mwanangu. Nianze na hilo la pili, maana halina mjadala mrefu: kitoe.

Karatasi uliyonayo inakulinda wewe, haimlindi yeye. Aliitia saini siku moja, pengine akiwa amelowa hadi kiunoni, hajaona hata dakika moja ya ulichokipiga, na wewe ni mgeni aliyekwisha kukaribishwa chai. Watu wa pwani hawamkatalii mgeni usoni. Ridhaa yake ya kweli ndiyo hii aliyokupa sasa kwa simu, baada ya kulala nayo na kuifikiria, na ridhaa hiyo inasema hapana. Bamvua lijalo, maji yatakapotoka mbali, yeye atavuna na kupeleka gunia lake kwa mnunuzi yuleyule. Wewe utakuwa mjini unarekebisha rangi.

Nakuambia hivi kwa sababu nilishafanya kinyume chake. Miaka mingi iliyopita nilipiga filamu fupi kwenye machimbo ya kokoto. Kijana mmoja alieleza mbele ya kamera namna msimamizi alivyokuwa akipunguza hesabu ya ndoo. Kesho yake akanifuata, akaniomba niyaache yale maneno. Nikamjibu kwa lugha tamu kwamba filamu haitaonyeshwa kwao, na wakati ule nilidhani nasema kweli. Haikupita miezi minne kile kipande kikawa kwenye simu za watu pale machimboni, na kijana hakupewa tena kazi. Nilimtumia hela mara mbili. Mara ya tatu hakupokea simu yangu, na alikuwa na haki.

Lakini kukitoa si sawa na kukitupa, wala usiishie kwenye simu. Nenda kwake na kompyuta yako, siku ya maji mafu ambayo hana haraka ya kwenda pwani, ukae naye barazani umchezeshee kile kipande chote. Umuulize ni nini hasa kinachomtia hofu. Mara nyingi nimekuta si habari yote: ni jina la mtu lililotajwa, au tarakimu ya bei, au namna alivyocheka mwishoni mwa sentensi. Mwingine hofu yake si mnunuzi kabisa, ni mume au wifi. Ukishajua, mtaamua pamoja nini kibaki. Akisema kisibaki chochote, funga kompyuta, kunywa chai yako, na usimrudie kwa njia ya mlango wa nyuma.

Tena, hebu nikuulize. Katika saa 43, unayo mizani? Unacho kile kitendo chenyewe: gunia linatundikwa, mshale unacheza, mtu anasoma kilo, anaandika kwenye daftari, noti zinahesabiwa, mama anazihesabu tena, anazifunga kwenye pindo la kanga, anatazama pembeni? Kama unacho, kizima, bila kukatwa, hicho kinaeleza bei kuliko maneno yoyote makali. Mtazamaji ameshamwona mama huyu ameinama kwenye maji kwa dakika ishirini za filamu. Akiziona zile noti, hesabu ataifanya mwenyewe. Kama huna, sasa unajua kwa nini unadhani filamu imekufa. Umelitwisha gunia zima shahidi mmoja aliyesema, na mtu hapaswi kubebeshwa filamu mgongoni. Na hiyo mizani pia umwonyeshe kabla ya kuiweka. Usije ukamkwepa kwa maneno ukamfichua kwa picha.

Sasa tuje kwenye harusi.

Usiionee haya kazi yako. Wapiga picha wazuri wa filamu za hali halisi ninaowajua, nusu yao wametoka kwenye harusi. Ndoa hufungwa mara moja. Hakuna atakayemrudisha shehe aseme tena kwa sababu betri yako imeisha. Kwa hiyo umejifunza kutabiri, kujua mlango utakaofunguka kabla haujafunguka, kujipenyeza katikati ya mashangazi bila kumkanyaga mtu buibui. Mtu aliyesomea filamu darasani hukaa miaka kabla ya kuupata ujuzi huo.

Ila harusi inakufundisha na uongo wake. Kwenye harusi hakuna anayechoka. Kila uso unatakiwa kutabasamu, kila kiungo kikatwe kwenye mdundo wa muziki, muziki wenyewe uanze mwanzo uishie mwisho, na pale unapokosa la kusema unaweka mwendo wa pole au unarusha droni. Nina hakika unayo picha ya droni: maji ya kijani, mistari ya mwani, akina mama wadogo kama sisimizi. Ni picha nzuri sana, na ndiyo inayokuvuruga. Huko juu hakuna mgongo unaouma. Kazi ya mwani inafanywa kwa kuinama, kwa hiyo kamera yako ikae chini: pigia magotini, ukiwa umechuchumaa au umekaa kwenye maji, lenzi iwe sawa na mikono inayofunga taitai, vile vijikamba vya kushikia mwani, kwenye kamba. Ukipiga kutoka kimo chako ukiwa umesimama, utapata visogo na vitambaa vya kichwa.

Tangazo la mradi ni ugonjwa mwingine, na wa zamani zaidi. Mimi ni mtu wa Tanga. Huko kwetu, Vugiri kwenye milima ya Usambara, kati ya 1935 na 1937 Waingereza waliweka kituo cha kutengeneza filamu za kuwafundisha Waafrika: namna ya kulima, namna ya kutunza afya, namna ya kuweka akiba posta. Walitengeneza filamu zaidi ya thelathini na kuzitembeza kwa gari vijijini, Tanganyika, Kenya, Uganda, hadi Nyasaland na Rhodesia ya Kaskazini. Sisemi kila aliyehusika alikuwa na nia mbaya. Nasema kwamba hapa kwetu filamu isiyo ya hadithi ilianza maisha yake ikiwa na kidole kilichonyooshwa, na kile kidole hakijakunjwa mpaka leo. Tazama video nyingi za miradi: sauti inaeleza tatizo, mama anathibitisha tatizo, mradi unaingia, mama anatabasamu, nembo. Hata pasipo mradi wala nembo, mkono wa mhariri huzoea kulekule.

Alama yake unaijua bila shaka. Mama anasema "tunaamka alfajiri", na picha inaonyesha mama anaamka alfajiri. Anasema "jua ni kali", picha inaonyesha jua. Picha imekuwa mtumwa wa mahojiano, kazi yake ni kufunika matundu ya sauti. Dawa yake ni chungu lakini inaponya: tengeneza toleo lako la kwanza bila hata sekunde moja ya mahojiano. Yaweke yote kwenye folda nyingine, ulifunge. Ulichobaki nacho ni watu wanaofanya mambo na kuzungumza wao kwa wao. Panga hicho kwanza mpaka kisimame. Kisha rudisha mahojiano kwa kipimo cha chumvi, pale tu ambapo mtu anasema jambo ambalo kamera haikuweza kuliona: kumbukumbu, hofu, deni, ndoto. Katika filamu ya saa moja nimewahi kubaki na dakika sita za mahojiano, na hakuna mtazamaji aliyelalamika.

Kabla ya hapo lakini, nina wasiwasi hujazitazama saa zako 43. Usikasirike. Ulizipiga, ukazihamishia kwenye diski, ukaanza kukata ulivyovikumbuka. Huko si kutazama. Kaa nazo saa nne kwa siku, siku kumi na moja zinatosha, kwa mpangilio uleule ulivyopiga, mkono uwe mbali na kibodi ila wa kusimamisha na kuandika. Nunua daftari la kaunta. Andika kinachotokea, usiandike maana yake: "Mama mwenye kanga ya njano anamgombeza mwanawe aliyechelewa na kamba", si "changamoto za malezi". Pale ambapo umejisahau, ukacheka au ukasogea karibu na kioo, weka nyota. Mwisho wa siku kumi na moja utakuwa na nyota labda arobaini, na wala si zile picha ulizozidhani. Kila nyota iandikie karatasi yake, uzibandike ukutani, uanze kuzihamishahamisha. Uhariri hufanyika pale ukutani. Kompyuta ni ya kushona tu.

Utakapokuwa ukizihamisha utajiuliza kipi kitangulie. Hapo una bahati ambayo wengi hawana, maana mwani una saa yake na saa hiyo iko mwezini. Bamvua linakuja mara mbili kwa mwezi, maji yanatoka mbali, akina mama wanaingia. Maji mafu yanakuja, wanakaa nchi kavu, wanakausha, wanafunga mbegu, wanapika, wanadaiana. Tangu kupanda hadi kuvuna ni kama wiki sita. Huo ni mfupa wa uti wa mgongo uliopewa bure: kamba moja ya mwani, tangu kufungwa mbegu hadi kwenye mizani. Usimfuate "mkulima wa mwani" kwa jumla. Ifuate kamba moja ya mama mmoja au wawili, na mengine yote yaning'inie humo.

Yapo mengi ya kuning'iniza. Kilimo hiki cha biashara kilianza Unguja mwaka 1989, maana yake mama wa miaka hamsini na kitu alikuwa msichana kilipoingia, na binti yake hajui pwani isiyo na vijiti vya kufungia kamba za mwani. Ipo mbegu ya kottonii, yenye bei nzuri, inayokufa maji yanapopata joto, na ipo spinosamu, inayovumilia zaidi lakini bei yake ni ndogo. Kwa hiyo ukisema tu "mabadiliko ya tabianchi" umesema neno la semina. Ukimwonyesha mama akiinua kamba ambayo mwani wake umeng'oka wote, ameshika uzi mtupu, umeonyesha joto la bahari. Wapo wanaoambiwa wahamie maji ya kina kirefu kwa ajili ya kottonii, na wengi wao hawakufundishwa kuogelea. Mtazame mmoja akipanda ngalawa kwa mara ya kwanza. Na mwisho wa safari ya ule uteute unaotolewa kwenye mwani ni kwenye aisikrimu na dawa ya meno ya mtu aliye mbali sana, jambo ambalo baadhi ya wakulima wenyewe hulisimulia kwa kicheko kinachofaa kupigwa picha.

Hapa utakapoanza kuunganisha, nikuonye juu ya nguvu ya mkasi. Picha mbili ukizibandika pamoja zinasema jambo la tatu ambalo hakuna aliyelitamka. Unakumbuka zogo la Mwanza? Mwaka 2004 ilitoka filamu ya Mwaustria Hubert Sauper kuhusu sangara wa Ziwa Viktoria, *Darwin's Nightmare*. Ilisifiwa sana Ulaya, ikafika hadi kuteuliwa kuwania Oscar. Ilipokuja kujadiliwa huku, mwaka 2006, Rais Kikwete aliishutumu hadharani, na neno mapanki, yaani mabaki ya sangara baada ya minofu kuondolewa, likaingia kila kijiwe. Ugomvi mkubwa ulikuwa juu ya viungo vya uhariri: ndege zinazobeba minofu kwenda Ulaya zikiwa kando ya swali kama zinakuja na silaha, mabaki ya samaki kando ya njaa. Wapo wanaoitetea mpaka leo, na yapo ndani yake mambo ya kweli yaliyokuwa yakifichwa. Mimi ninalolikumbuka ni dogo zaidi. Mwandishi wa habari wa huku aliyeonekana katika filamu ile alikamatwa na kuhojiwa. Mwenye filamu alikuwa mbali, Ulaya.

Kwako ndege ni mnunuzi na hoteli. Unayo, bila shaka, picha ya watalii wakiteleza kwa vishada juu ya maji yaleyale ya shamba la mwani. Ukiiweka mara tu baada ya mama aliyeinama, utakuwa umesema "hawa ndio sababu". Je, ndivyo? Kama mgogoro wa eneo la pwani upo, uonyeshe mgogoro wenyewe: kamba iliyokatwa, kikao, sheha, kiongozi wa serikali wa eneo lile, akisikiliza pande mbili. Kama haupo, acha watalii wapite nyuma ya fremu kama wanavyopita kweli, bila kuwatia mdomoni.

Turudi kwenye kupiga, maana utalazimika kurudi pwani, usijidanganye kwamba saa 43 zinatosha.

Kwanza sauti. Nikibahatisha, sauti yako mbaya kuliko picha yako, kwa sababu harusini sauti ilikuwa ya kutupwa, muziki uliifunika. Pwani ya mashariki inapokea upepo wa kusi usoni. Maikrofoni iliyo juu ya kamera bila manyoya itakupa ngurumo, na ngurumo haisafishiki. Tafuta maikrofoni ndogo mbili zisizo na waya, uzifiche ndani ya nguo mbali na mkwaruzo wa kanga, na mwenye kuzivika awe mwanamke. Kisha kila mahali, kabla hujaondoka, omba watu watulie, urekodi dakika nzima ya mahali penyewe: maji yakitoka, kamba ikivutwa, kunguru, redio ya jirani. Dakika hizo ndizo zitakazokuokoa usiku wa manane unapojaribu kuunganisha sentensi mbili zilizosemwa siku tofauti. Wanapofunga mbegu nyumbani, wamekaa chini duara, ndipo mazungumzo yanapokuwa matamu kuliko mahojiano yote. Weka kamera kwenye stendi, uiache, usiulize swali.

Mwanga utakusumbua. Siku za bamvua Unguja maji hukauka kabisa karibu na saa nne asubuhi, yaani kazi inafanyika jua likiwa limeshapanda, mchanga mweupe unarudisha mwanga, nyuso zinakuwa nyeusi. Usizifukuze nyuso kwa kufungua lenzi mpaka bahari yote ipotee. Mpigie mtu jua likiwa ubavuni mwake, tumia filta nyeusi ya kupunguza mwanga ili usilazimike kukimbizia shata, na filta ya kuondoa mng'ao wa maji pale unapotaka mwani uonekane chini. Nyumbani usiku, chini ya taa za umeme wetu wa hezi 50, shata iwe 1/50 na fremu 25, la sivyo taa zitapigapiga. Chumvi inaua kamera polepole: kitambaa chenye unyevu wa maji baridi yasiyo na chumvi, kila jioni, kabla ya kula.

Na usizime haraka. Mtu akimaliza kusema, hesabu kimoyomoyo mpaka ishirini. Karibu kila nyota niliyowahi kuibandika ukutani ilitokea ndani ya ile ishirini: mtu anashusha pumzi, anaangalia mikono yake, au anasema "lakini…"

Hesabu ya diski utaikasirikia ila ifanye. Kamera inayorekodi megabiti 100 kwa sekunde inakula kama gigabaiti 45 kwa saa. Saa zako 43 ni karibu terabaiti mbili. Nakala moja ni sawa na hakuna. Nunua diski mbili, moja ikae kwako, nyingine kwa mamako au kwa rafiki mtaa mwingine, kwa sababu mwizi na maji ya mvua havichagui folda.

Kuna jambo linalomhusu hasa mtu kama wewe, mwenye kamera na mkasi mkono mmoja. Mpiga picha hupenda kilichomgharimu. Niliwahi kutembea kwenye matope ya mikoko saa mbili, nikapoteza kiatu, nikapata picha ya ngiri akivuka mkondo machweo. Niliing'ang'ania matoleo saba. Rafiki yangu aliyekuja kutazama akauliza tu, "Huyu nguruwe anatafuta nini kwenye filamu ya chumvi?" Hakujua habari za kiatu, ndiyo maana aliona. Kwa hiyo mtafute mtu mmoja ambaye hakuwepo, hasa asiyekuwa mtu wa filamu, umlipe chakula cha mchana, umwonyeshe toleo lako bila kumweleza chochote. Usimtazame yeye, itazame filamu ukiwa umekaa kando yake. Pale atakapoanza kugusa simu, andika dakika.

Hata wakubwa hawakati peke yao. Filamu ya Kenya *Softie*, ya Sam Soko, inayomfuata mwanaharakati Boniface Mwangi, ilipewa mwaka 2020, kwenye tamasha la filamu la Sundance huko Marekani, tuzo maalumu ya uhariri. Soko alikuwa mmoja wa wahariri watatu waliotajwa. Itazame kwa jambo moja: mtu aliyejulikana kwa maandamano na siasa, wahariri waliamua mzigo wa filamu ubebwe na nyumba yake, na mke wake na watoto, na swali la kama nchi inaweza kutangulia familia. Barabarani zilikuwepo picha za kutisha na za kuuza. Jikoni ndiko filamu ilikokaa. Kwa upigaji, mtazame Dieudo Hamadi wa Kisangani, ambaye hushika kamera mwenyewe. Filamu yake ya 2020 inawafuata watu waliokatika viungo katika vita vya siku sita vya Juni 2000, majeshi ya Rwanda na Uganda yalipopigana mjini Kisangani, wakisafiri kwa mto hadi Kinshasa kudai fidia yao. Hakuna msimulizi anayekuhurumishia. Anakaa nao kwenye lile jahazi la mizigo, na ukishakaa nao hapo hutaki kuelezwa.

Limebaki la kuwaonyesha, nami nalipa uzito kuliko tamasha lolote. Mwaka 1967 huko Kanada, kwenye kisiwa cha Fogo, Newfoundland, kisiwa cha wavuvi ambacho serikali ilikuwa ikifikiria kuwahamisha watu wake, mwongozaji Colin Low alipiga filamu fupi nyingi za wakazi wakizungumza. Badala ya kuzichanganya zote kuwa filamu moja yenye hoja yake, aliziacha fupifupi, kila mtu na lake, akawaonyesha wenyewe kwanza, na hazikutoka nje ya kisiwa mpaka wahusika wakubali. Ndipo zikapelekwa kwa wakubwa, na majibu ya wakubwa nayo yakarudishwa kisiwani kwa filamu. Watu wa ncha moja ya kisiwa waliona kwa mara ya kwanza kwamba wa ncha nyingine wana shida zilezile. Wakaanzisha ushirika wa wavuvi, na hawakuhama. Sisemi filamu ndiyo iliyoufanya ushirika, waliufanya wao. Nasema filamu iliwakusanya chumba kimoja. Hapa kwetu, miaka ya 1990, wanavijiji wa pwani ya Mtwara na Lindi nao walitumia video kwa njia ya karibu na hiyo katika vita vyao dhidi ya uvuvi wa baruti.

Kwa hiyo toleo lako la pili, kabla halijaenda kwa mtu yeyote mwenye kadi ya kazi shingoni, lipeleke kwa akina mama. Mwone sheha mapema, usimshtukizie na projekta. Vibali vya mjini vya Baraza la Sanaa, Sensa ya Filamu na Utamaduni navyo vishughulikie sasa, usingoje mpaka uwe na tarehe ya tamasha. Onyesha mara mbili: mara ya kwanza kwa wanawake waliomo tu, ndani, mlango umefungwa, ili aliye na neno aliseme, mara ya pili kwa wote, shuka jeupe uwanjani, baada ya isha. Ile ya kwanza kaa na daftari lako nyuma. Watacheka mahali ambapo hukutegemea na watanyamaza mahali ambapo uliweka muziki. Utoe muziki hapo.

Kuhusu kuwalipa, kwa kuwa najua utauliza: usimlipe mtu ili aseme. Lakini mama aliyepoteza nusu ya bamvua kwa kukusubiri ubadilishe betri amepoteza kamba kadhaa, na hizo zinahesabika. Shika naye kamba siku nyingine bila kamera, au mfidie muda wake kwa kiwango kilekile kwa kila mmoja, mkiwa mmekubaliana tangu mwanzo na wote wakijua. Filamu ikija kuuzwa, rudi ukae nao kikao.

Mwezi mpya hauko mbali. Nenda siku mbili kabla yake, uanze kwa yule mama na kompyuta barazani, kisha ulale hukohuko uingie majini nao maji yatakapotoka. Piga mizani kama atakubali. Daftari la kaunta usilisahau. Na ile picha ya droni usiifute, wauzie watu wa hoteli, ikulipie diski ya pili.